Injini za ndege za mabomu za masafa marefu: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Runinga ikitaja B-52 au B-2, ndege za mabomu za Marekani, baraza za mitaa yetu ya Mombasa, Magongo, Mikindani na Port Reitz, huchemka. Huyu anaapa kuwa Mrusi hana mpinzani kwa ukubwa wa injini, yule anauliza kwa nini Mmarekani abebe injini nane kama anaijua kazi yake. Maswali yaliyo hapa chini ndiyo yanayorudi kila mara. Mimi ni mtu wa injini, si mtu wa vita, kwa hiyo anayetafuta habari za mabomu yenyewe hatazipata hapa.

Msukumo ni nini, na kwa nini hamuutaji kwa nguvu za farasi?

Injini ya jeti hunyonya hewa kwa mbele, huikandamiza, huitia mafuta na kuiwasha, kisha huitoa nyuma ikiwa na mwendo mkubwa kuliko ule iliyoingia nao. Hewa ikisukumwa nyuma, ndege nayo husukumwa mbele. Nguvu hiyo ndiyo msukumo. Vitabu vya leo huupima kwa kilonyutoni, Wamarekani bado wanaupima kwa pauni, na Warusi wamezoea kilo na tani. Pauni 1,000 ni kama kilonyutoni 4.4, na tani moja ni kama 9.8.

Nguvu za farasi ni hesabu nyingine, maana hupatikana kwa kuzidisha msukumo na mwendo. Ndege iliyoshikwa breki mwanzoni mwa barabara ya kurukia, injini zikinguruma hadi madirisha ya jirani yatetemeke, ina msukumo mwingi, lakini nguvu zinazoisogeza ni sifuri kwa kuwa haisogei. Kwa hiyo farasi huachiwa wenye propela.

Nani ana injini yenye msukumo mkubwa zaidi?

Mrusi, na hapo baraza lina haki. Tu-160, iliyoruka mara ya kwanza Desemba 1981, ina injini nne za Kuznetsov NK-32. Kila moja hutoa kilonyutoni 245 ikiwa imewasha afutabana (mwako wa pili nyuma ya injini, nitaueleza mbele), na zote nne zinakaribia 980. Hakuna ndege ya kivita inayotumika leo inayoifikia kwa jumla hiyo. Ndugu yake mdogo, Tu-22M3, ana injini mbili tu za NK-25, lakini kila moja iko kwenye kiwango hichohicho.

B-1B ya Marekani ina injini nne za General Electric F101 zenye kilonyutoni 137 hivi kila moja. B-52H, toleo la B-52 linaloruka leo, ina nane za Pratt & Whitney TF33 zenye 76 kila moja, jumla kama 605. B-2, ile nyeusi isiyo na mkia, ina nne za F118 zenye 77, jumla 308. Kwa hesabu hiyo, ndege inayotajwa kwa woga kuliko zote ndiyo yenye msukumo mdogo kuliko zote nilizozitaja.

Kwa hiyo mwenye msukumo mwingi si ndiye mwenye ndege bora?

La. Hili ndilo swali ninalolipenda, na jibu lake ni refu kidogo.

Chukua msukumo wote wa ndege uugawe kwa uzito wake inapopaa ikiwa imejaa. B-52H yenye tani 221 inapata kama 0.28. Tu-160 yenye tani 275 inapata kama 0.36. B-2 inapata kama 0.18. Sasa fanya hesabu hiyohiyo kwa Boeing 737-800, ndege ya kawaida inayoleta watalii na wafanyabiashara Mombasa: unapata kama 0.31. Naam, ndege ya abiria inaishinda B-52.

Sababu ni sheria, wala si maajabu. Ndege ya abiria yenye injini mbili lazima iweze kuendelea kupaa hata moja ikizima katikati ya kuruka. Injini moja ikizima, nusu ya msukumo imekwenda, kwa hiyo ile iliyobaki lazima iwe na ziada ya kutosha. B-52 ikipoteza moja imepoteza sehemu moja ya nane tu.

Jambo la pili ni mwendo wa angani. Ndege ikishatulia juu kwenye kilomita kumi na kitu, msukumo unapambana na ukinzani wa hewa, haubebi uzito. Uzito hubebwa na mabawa. B-52 ina mabawa marefu na membamba, mita 56 kutoka ncha hadi ncha, na kila tani 20 hivi za uzito zinahitaji tani moja tu ya msukumo ili isonge bila kushuka. Ikiwa na tani 200, inahitaji kama kilonyutoni 100, sehemu ya sita ya zile 605 za kule chini. Usidhani basi rubani anarudisha mikono ya gesi hadi sehemu ya sita. Hewa ya kule juu ni nyepesi, na injini yenyewe imeshapoteza sehemu kubwa ya msukumo wake. Inabidi iendelee kufanya kazi kwa bidii ili itoe hicho kidogo.

Kwa ndege ya masafa marefu, kinachoamua ni kiasi cha mafuta kinacholiwa na kila kilonyutoni kwa kila saa. Msukumo mkubwa unakutoa ardhini, lakini ulaji mdogo wa mafuta ndio unaokufikisha. Mtu akinitajia msukumo bila kunitajia ulaji, ninamwona kama muuza gari anayesifu honi.

Mbona B-52 ina injini nane?

Kwa sababu ya mwaka 1948. Boeing walikuwa wamepeleka kwa jeshi michoro ya ndege ya propela. Oktoba mwaka huo wahandisi wao walikuwa Dayton, Ohio, wakaambiwa waifikirie upya kwa injini za jeti. Wakajifungia hotelini mwisho wa wiki, na walipotoka walikuwa na mchoro mpya na mfano mdogo wa mti wa balsa. Injini kubwa ya jeti waliyoweza kuitegemea wakati huo ilikuwa J57, na ndege ya ukubwa ule ilihitaji nane. Wakazifunga mbilimbili kwenye vibebeo vinne chini ya mabawa. Ndege ikaruka Aprili 1952.

Watu hufikiri nane ni fahari. Zilikuwa ni uhaba.

Idadi hiyo imekuja kuwa na faida zake, hata hivyo. Januari 2017, B-52 ikiwa angani karibu na Minot, North Dakota, injini moja ilichomoka kabisa ikaanguka. Marubani wakarudi na saba wakatua salama.

Injini kubwa nne zisingetosha leo?

Zingetosha kwa msukumo, na pendekezo hilo limefikishwa mezani zaidi ya mara moja. Tatizo ni mwili wa ndege. Injini kubwa ya kisasa ina kipenyo kikubwa, na bawa la B-52 likijaa mafuta huinama kuelekea chini, hivyo nafasi kati ya injini na lami ni finyu. Pia injini kubwa ya nje ikizima, ile ya upande wa pili huvuta pua ya ndege kwa nguvu nyingi, na usukani wa mkia wa B-52 haukuundwa kuizuia.

Ndiyo maana Septemba 2021 jeshi la anga la Marekani lilichagua Rolls-Royce F130, ambazo zitabaki nane zilezile. Ndege 76, injini 608 za kufungwa, na nyingine za akiba. F130 imetokana na BR725, injini inayobeba ndege za matajiri za Gulfstream G650. Msukumo wake unakaribiana na wa TF33. Wameongeza nini basi? Ulaji mdogo wa mafuta na uimara. TF33 ni injini ya miaka ya sitini, na kupata vipuri vyake kumekuwa kazi ngumu. Ndege zikimaliza kubadilishwa zitaitwa B-52J, na B-52 ya mwisho kutoka kiwandani ilitoka mwaka 1962. Sijui fundi wa gari gani Mwembe Tayari asingewaelewa.

Tu-95 ya Urusi ina propela. Si teknolojia ya zamani hiyo?

Ni ya zamani, na bado inafanya kazi yake vizuri. Miaka ya hamsini Warusi walitaka ndege ifike Marekani, na injini za jeti za wakati ule zilikunywa mafuta kupita kiasi. Wakachagua turbini (gurudumu la mapanga linalozungushwa na hewa ya moto) inayozungusha propela. NK-12 ilibuniwa huko Kuibyshev, mji unaoitwa Samara sasa, katika ofisi ya Nikolai Kuznetsov, na kundi kubwa la wahandisi wa Kijerumani na Kiaustria waliochukuliwa baada ya vita lilishiriki, Ferdinand Brandner akiwa kiongozi wao. Matokeo ni nguvu za farasi karibu 15,000 kwa kila injini moja. Mpaka leo hakuna injini ya propela yenye nguvu kuizidi iliyoingia kazini.

Kila injini ina propela mbili zinazofuatana, kila moja na mapanga manne, zikizunguka kwa kupingana, kipenyo chake mita 5.6. Ile ya nyuma hurekebisha upepo uliopindwa na ile ya mbele, na ndiyo sababu ndege hii hukaribia mwendo wa jeti, zaidi ya kilomita 900 kwa saa. Gharama yake ni kelele. Ncha za mapanga hukimbilia mwendo wa sauti, na marubani wa ndege za jeti wanaoisindikiza wamesimulia kuwa wanaisikia kupitia kofia zao, juu ya ngurumo za injini zao wenyewe.

Ni kweli injini ya ndege ya mabomu inatua Mombasa kila siku?

Jamaa zake wanatua. Mwanzoni mwa miaka ya sabini General Electric walikuwa na F101, injini ya B-1, wakataka kutumia kiini chake (yaani kompresa ya kukandamiza hewa, chumba cha kuchomea na turbini inayoizungusha kompresa hiyo) katika injini ya abiria kwa ushirikiano na kampuni ya Snecma ya Ufaransa. Serikali ya Marekani ilikataa, ikisema ni siri ya kijeshi. Suala likapanda hadi kwa marais, na mwaka 1973 Nixon na Pompidou walipokutana Reykjavik njia ikafunguliwa, kwa sharti kwamba viini vitengenezwe Marekani na kupelekwa Ufaransa vikiwa vimefungwa.

Injini iliyozaliwa ni CFM56. Kwa miaka kadhaa haikupata mnunuzi, hadi mwaka 1979 mashirika yalipoamua kuifunga kwenye ndege zao za DC-8. Leo zimeshatengenezwa zaidi ya 30,000. Ziko kwenye Boeing 737-800, zikiwemo za Kenya Airways, na kwenye Airbus A320 nyingi. Na F101 hiyohiyo ilizaa F110 ya ndege za kivita, na F110 ikazaa F118 ya B-2. Kwa hiyo 737 inayoshuka Moi, uwanja wetu wa ndege wa Mombasa, na B-2 ni ndugu wa ukoo mmoja, ila mmoja amevaa pangaboi kubwa mbele.

TF33 ya B-52 nayo ni JT3D kwa jina la kijeshi, injini iliyobeba Boeing 707 za toleo la baadaye. Wazee waliosafiri na Kenya Airways ilipokuwa changa wanazikumbuka 707, hasa kelele zake.

Afutabana ni nini?

Ni bomba refu nyuma ya turbini ambamo mafuta humwagwa mara ya pili na kuwashwa kwenye hewa ya moto iliyobaki na oksijeni. NK-32 hupanda kutoka kilonyutoni 137 hadi 245 kwa njia hiyo. Ulaji wa mafuta huongezeka kuliko msukumo wenyewe unavyoongezeka, kwa hiyo B-1B na Tu-160 huitumia wakati wa kuruka na kwa mbio fupi. B-52 na B-2 hazina kabisa.

Ule moshi mweusi kwenye picha za zamani?

Maji. B-52 za mwanzo zilimwagia maji ndani ya injini wakati wa kupaa ili kuongeza uzito wa hewa inayopita na kupoza moto, msukumo ukapanda kwa dakika moja au mbili. Mafuta hayakuungua vizuri, ndiyo moshi. B-52H haina mfumo huo, ingawa TF33 zake nazo si safi.

Kwa nini injini za B-2 hazionekani?

Zimezikwa ndani ya bawa. Midomo ya kuingizia hewa iko juu, na njia ya hewa imepindwa ili mapanga ya kompresa yasionwe na rada, kwa kuwa mapanga yanayozunguka huirudisha rada kama kioo. Moshi hutoka juu ya bawa pia, umechanganywa na hewa baridi, ili mtu aliye chini mwenye kifaa cha kunusa joto apate kidogo. Kila mkunjo huo unaiba msukumo. Wabunifu waliujua wizi huo na wakaukubali.

B-21, mrithi wake, iliruka Novemba 2023 ikiwa na injini za Pratt & Whitney. Msukumo wake haujatangazwa, kwa hiyo namba mnazotumiana kwenye simu ni za kubuni.

Zinabeba mafuta kiasi gani, na zinaweza kukaa angani muda gani?

B-52H hubeba kama lita 181,700. Ukizoea malori ya mafuta yanayotoka Shimanzi na Changamwe, hayo ni malori matano ya lita 36,000. Bila kuongezewa inakwenda kilomita 14,000 hivi. Ikikutana na ndege ya kujazia mafuta angani, kikomo kinahamia kwa binadamu na kwa oili ya injini, maana oili huliwa polepole na haiongezwi angani.

Mfano ninaoupenda ni wa Oktoba 2001. B-2 ilitoka kituo cha Whiteman, Missouri, ikaenda Afghanistan, ikatua kisiwa cha Diego Garcia baada ya saa 44. Injini hazikuzimwa. Marubani wapya walipanda, wakairudisha Missouri, na zile F118 zilipozimwa mwishowe zilikuwa zimewaka zaidi ya saa 70 mfululizo.

Diego Garcia ni karibu nasi? Je, ile ngurumo ya usiku ni wao?

Iko mashariki yetu, kama kilomita 3,600 kuvuka Bahari ya Hindi. B-52, B-1 na B-2 zote zimewahi kupangwa huko. Ngurumo unayoisikia Port Reitz ni ndege ya abiria au ya mizigo inayopaa Moi. Ndege iliyo kwenye kilomita 12 huisikii ukiwa umelala na pangaboi limewashwa.

B-52 ingeweza kuruka kutoka Moi?

Barabara kuu ya kurukia ya Moi ina urefu wa mita 3,350, na kwa urefu si haba. Shaka yangu ni joto na upana. Injini hula hewa kwa uzito wake, na hewa ya moto ni nyepesi. CFM56 ya 737 imewekewa msukumo usiopungua hadi nyuzi 30, na kuanzia hapo hushuka. Mchana wa Februari Mombasa huvuka 30 kwa urahisi. Hata hivyo tuna nafuu ya kuwa usawa wa bahari: Nairobi, kwenye mita 1,600 na zaidi, hewa ni nyepesi kwa kama asilimia 15, na ndege nzito inayotoka Jomo Kenyatta kwenda mbali hulazimika kufikiria mzigo wake mara mbili.

Kuhusu upana, B-52 ina magurudumu madogo karibu na ncha za mabawa, yanayohitaji lami pana kuliko viwanja vingi vya kiraia. Na kutua kwake hutegemea mwavuli mkubwa wa nyuma wa kupunguza mwendo, kwa kuwa TF33 zake hazirudishi msukumo nyuma kama za 737.

Chumvi ya bahari inaziathiri?

Sana, na mtu wa pwani haambiwi habari za kutu. Chumvi huganda kwenye mapanga ya kompresa, umbo lao likaharibika na msukumo ukapungua. Ikifika kwenye turbini yenye moto, hukutana na salfa ya mafuta na kula chuma taratibu. Dawa ni kuosha: injini huzungushwa bila kuwashwa, maji safi yakapulizwa ndani. Vituo vya visiwani kama Diego Garcia na Guam hufanya hivyo mara nyingi kuliko vya bara, na mafundi wa ndege za abiria za pwani nao wanaijua kazi hiyo.

Kuliwahi kuwa na ndege ya mabomu ya nyuklia, injini zenyewe?

Iliyoruka kwa nguvu hiyo, hapana. Marekani waliipandisha NB-36H ikiwa na tanuri la nyuklia ndani kati ya 1955 na 1957, na Wasovieti wakafanya hivyo kwa Tu-95 mwaka 1961. Katika zote mbili tanuri lilikuwa linapimwa tu, hasa kinga ya kuwalinda marubani, na ndege ilirushwa na mafuta ya kawaida. Kinga hiyo ilikuwa nzito mno, na wazo likafa.

Mimi ni kijana wa Changamwe, ninataka kugusa injini hizi. Nianzie wapi?

Za jeshi la Marekani au la Urusi hutazigusa, tusidanganyane. Lakini CFM56 iko hapahapa, na kiini chake ndicho kile cha F101. Shika fizikia na hesabu shuleni. Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa kinafundisha uhandisi wa mitambo, na chuo cha usafiri wa anga cha Afrika Mashariki kilicho Embakasi kinafundisha ufundi wa ndege wenyewe. Leseni ya ufundi hutolewa na Mamlaka ya Usafiri wa Anga ya Kenya, kwa mitihani na kwa muda wa kazi uliothibitishwa kwenye kitabu chako cha kumbukumbu. Kabla hujalipa karo popote, uliza kama kozi hiyo inatambuliwa na Mamlaka, na uombe uoneshwe hati.